Falme Zetu na Kuzaliwa kwa Taifa

Mwezi Desemba mwaka 1884 alifariki Mtemi Mirambo wa Urambo. Alianza akiwa mtemi wa Uyowa, nchi ndogo kama zilivyokuwa nchi nyingi za Unyamwezi wakati ule. Naye katika muda wa miaka isiyozidi ishirini na mitano akazitiisha nchi jirani moja baada ya moja, akajifunza mbinu za vita za Wangoni, akakusanya jeshi la rugaruga, na mwaka 1871 akawafungia njia wafanyabiashara Waarabu wa Tabora hata biashara ya pembe ikatikisika mpaka pwani. Wako Wazungu waliomfananisha na Napoleon. Lakini haukupita muda mrefu baada ya kufa kwake dola lile likaanza kumeguka. Ndugu yake Mpandashalo, aliyerithi kiti, hakuweza kulishika. Nchi zilizotiishwa zikarudi kwa watemi wake, kila moja na ngoma yake.

Tumeanza na habari hii kwa sababu ndani yake limo swali ambalo halina budi kuulizwa na kila mwalimu anayefundisha historia ya nchi yetu. Mataifa mengi ya dunia yalizaliwa pale ufalme mmoja wenye nguvu ulipozimeza falme jirani, ukaeneza sheria na lugha yake, hata wajukuu wa walioshindwa wakasahau kwamba babu zao walikuwa na mfalme mwingine. Tanganyika haikupita njia hiyo. Leo mtu wa Urambo, mtu wa Kalenga na mtu wa Vugha hujiita Watanzania bila ya mmoja wao kuona kwamba amevaa vazi la mwenziwe. Basi, umoja huu ulitoka wapi, ikiwa haukutoka kwenye kiti cha mfalme yeyote?

Kwanza na tuelewe utemi ulikuwa kitu gani. Wazee wa Unyamwezi na Usukuma hulifungamanisha neno ‘mtemi’ na kitendo cha kutema, yaani kukata: wengine husema ni yule aliyefyeka pori la kwanza, wengine husema ni yule anayekata mashauri. Vyovyote iwavyo, mtemi hakuwa mtawala tu. Mvua ilikuwa juu yake, matambiko ya kupanda na kuvuna yalikuwa juu yake, na afya yake ilihesabiwa kuwa afya ya nchi. Cheo cha namna hii hakichukuliki mkononi kama ngao ya adui aliyeanguka. Mshindi angeweza kumwua mtemi, lakini hakuweza kuwafanya mizimu wa nchi ile kuwa mizimu wake. Mirambo mwenyewe alilijua jambo hili vema, ndiyo maana mara nyingi alipomwondoa mtemi alimweka mahali pake mtu mwingine wa ukoo ule ule. Hivyo kila ushindi wake uliiacha mbegu ya ufalme wa zamani ardhini, nayo ikachipua mara tu mkono wake ulipoondoka.

Habari za Uhehe ni tofauti kidogo, na zina mafunzo zaidi. Kabla ya katikati ya karne ya 19 hapakuwa na watu walioitwa Wahehe. Palikuwa na nchi ndogo ndogo za nyanda za juu, kila moja na mkuu wake. Munyigumba, wa ukoo wa Muyinga, ndiye aliyeziunganisha kwa vita, na yasemwa kwamba jina lenyewe la Wahehe lilitokana na kelele za askari wake walipokuwa wakishambulia. Munyigumba alifariki karibu na mwaka 1879. Mwanawe Mkwawa, baada ya kushindania urithi, aliupanua ufalme huo na kujenga ngome ya mawe huko Kalenga. Tarehe 17 Agosti 1891 jeshi lake lilikiangamiza kikosi cha Wajerumani huko Lugalo pamoja na kamanda wake, Emil von Zelewski. Yaani katika vizazi viwili tu watu wa nchi nyingi walikwisha kuwa watu wa jina moja, tayari kufa pamoja.

Tunasisitiza jambo hili kwa sababu wako wanafunzi, na hata walimu, wanaodhani kwamba makabila ni ya tangu kuumbwa kwa ulimwengu na kwamba taifa tu ndilo jambo la juzi. Sivyo. Kabila la Wahehe lilipopigana Lugalo lilikuwa na umri wa mtu mzima mmoja. Wazee waliolikumbuka jina la nchi yao ndogo ya zamani walikuwa bado wanaota moto vibarazani.

Hata hivyo nguvu iliyowaunganisha Wahehe ndiyo iliyowatenga na majirani. Usangu, Ubena na Ugogo walimjua Mkwawa kwa mikuki yake. Wajerumani walipokuja, Merere wa Usangu alijiunga nao dhidi ya Mkwawa, na kwa upande wake alikuwa na sababu. Huko Kilimanjaro Marealle wa Marangu alifanya urafiki na Wajerumani, na wapinzani wake wakavunjwa. Mangi Meli wa Moshi alinyongwa pamoja na wenziwe mwezi Machi mwaka 1900. Isike wa Unyanyembe alikuwa amekwisha kujilipua kwa baruti ndani ya ngome yake mwezi Januari 1893. Kalenga ilianguka mwaka 1894, na Mkwawa, baada ya kuwindwa porini miaka minne, alijiua tarehe 19 Julai 1898 asije akashikwa hai. Walianguka mmoja mmoja, kila mmoja akitazamwa na jirani yake. Usambara haukuhitaji hata kusubiri mgeni: tangu alipokufa Kimweri ye Nyumbai mwaka 1862 ukoo wa Wakilindi ulikuwa umekwisha kugawanyika wenyewe kwa wenyewe, na Wabondei wakawaasi.

Mwaka 1905 likatokea jambo ambalo halikuwa na mfano katika habari hizi zote. Toka vilima vya Umatumbi hadi Ungoni watu wa makabila mbalimbali, wengi wao wasiokuwa na mfalme kabisa, waliinuka dhidi ya Wajerumani. Kilichowaunganisha hakikuwa ngoma ya mtemi bali maji ya dawa yaliyotoka Ngarambe kwa Kinjikitile Ngwale. Wajerumani walimnyonga Kinjikitile mwanzoni kabisa mwa vita, mwezi Agosti, lakini vita havikukoma, kwa kuwa havikutegemea kiti chake. Viliendelea hadi mwaka 1907. Makumi ya maelfu walikufa, wengi wao kwa njaa baada ya vyakula na mashamba kuchomwa moto. Maji hayakuzuia risasi. Hilo kila mwanafunzi analijua. Lisilosemwa mara nyingi ni kwamba katika Maji Maji watu waliwahi kuitikia wito mmoja pasipo mmoja wao kuwa mtumwa wa mwenziwe, na kwamba falme zilizokuwa na nguvu zaidi, Uhehe ikiwa mojawapo, hazikuitikia.

Waingereza waliposhika nchi walikuja na fikra yao kwamba kila Mwafrika ni lazima awe na kabila, na kila kabila ni lazima liwe na chifu. Gavana Donald Cameron aliiweka fikra hiyo katika sheria mwaka 1926. Palipokuwa na mtemi, mangi au mkama, alithibitishwa. Palipokuwa hapana, alitafutwa mtu akapewa cheo. Wazanaki, kwa mfano, hawakuwa na mfalme mmoja wa kale, lakini walipata machifu. Machifu hawa walipewa mshahara, mahakama, makarani na tarishi. Kwa macho ya haraka haraka ungedhani kwamba falme zimefufuliwa.

Sisi tunaona kwamba huo ndio wakati falme zilipokufa kwa kweli. Mtemi wa zamani aliyewakandamiza watu wake angeweza kuhamwa: watu walifunga mizigo yao usiku wakaenda kwa mtemi mwingine, naye akabaki na pori. Mtemi mwenye mshahara hakuogopa jambo hilo, maana aliyemweka alikuwa Bwana Shauri, si watu. Tena ndiye aliyetumwa kukusanya kodi, kuhimiza watu wachimbe matuta, na kutangaza amri ya kupunguza ng’ombe. Mwaka 1955 ghadhabu ya Waluguru juu ya matuta ilizuka kuwa ghasia, na waliolaumiwa kwanza hawakuwa Wazungu bali wakuu wao wenyewe. Mganga wa mvua akigeuzwa kuwa mtoza kodi, nani tena atakayemngojea mvua?

Wala tusiipambe enzi ya kale kupita kiasi. Buhaya kulikuwa na falme nane, zenye adabu za ikulu zilizowashangaza wageni. Rumanyika wa Karagwe aliwapokea Speke na Grant mwaka 1861 kwa uungwana ambao wao wenyewe waliusifu. Lakini chini ya adabu hizo ilikuwapo nyarubanja, desturi ambayo kwayo ardhi ya migomba ya mkulima ilikuwa mali ya bwana aliyepewa na mkama, na mkulima akalipa sehemu ya mazao yake kizazi hadi kizazi. Desturi hiyo haikufutwa hata na Wajerumani wala Waingereza. Ilifutwa kwa sheria za miaka ya 1960. Mkulima wa nyarubanja alikuwa na sababu zake za kutolia ufalme ulipoondoka.

Basi wakati viti vilipokuwa vikipoteza roho, ni nini kilichokuwa kikikua? Jibu halimo katika majumba ya watawala, limo barabarani. Tangu kabla ya Mirambo, wapagazi wa Kinyamwezi walikuwa wakienda Bagamoyo na kurudi, maelfu kwa maelfu kila mwaka, na mtu aliyetoka Unyanyembe alilala katika nchi za watu ambao babu yake hakuwahi kusikia majina yao. Baadaye wakaja manamba, walioitwa hivyo kwa namba waliyoandikiwa, kutoka Kigoma, Ubena na kwingineko, kwenda kukata mkonge Tanga. Katika kambi moja walilala Waha, Wabena na Wanyamwezi. Mtu hakuweza kuwaambia wenzake pale kambini kwamba yeye ni wa ukoo wa kitemi. Jua lilikuwa moja, na ratili ya posho ilikuwa ile ile.

Hapo ndipo tunapoona thamani ya utani. Makabila yaliyokuwa yakipigana yaligeuza kumbukumbu ya damu kuwa dhihaka. Wangoni na Wahehe, ambao katika karne ya 19 walichinjana, wakawa watani, na mtani ana haki ya kukutukana msibani pako na kubeba jeneza lako. Hakuna mfalme aliyeamuru utani, wala hakuna serikali iliyoutungia sheria. Tunadiriki kusema kwamba ni mojawapo ya hekima kubwa zilizowahi kubuniwa na watu wa nchi hii, nao inafaa ufundishwe katika somo la historia na si katika somo la mila peke yake.

Pamoja na hayo kulikuwa na lugha. Laiti lugha ya nchi ingekuwa Kisukuma, au Kihaya, au Kichagga, wengine wote wangeipokea kama wanavyopokea wito wa kodi. Kiswahili hakikuwa lugha ya kiti chochote cha bara. Kiliingia kwa wapagazi, kikashikwa na Wajerumani kwa kazi za maakida wao, kikafundishwa shuleni wakati wa Waingereza, na kila mtu aliyejifunza alijifunza kwa faida yake, pasipo kushindwa na mtu. Chama cha TANU kilipoanzishwa tarehe 7 Julai 1954, msemaji wake aliweza kuhutubia Lindi na Musoma kwa maneno yale yale. Jirani zetu wengi hawakuwa na bahati hiyo.

Vyama vya ushirika navyo vilifanya kazi yao. Umoja wa wakulima wa kahawa wa Kilimanjaro, uliojulikana kwa herufi KNCU, ulianza mwaka 1933 na kuwakusanya katika mizani moja watu ambao babu zao walikuwa raia wa mangi zaidi ya thelathini waliokuwa wakitekana. Shule pia. Shule ya Serikali ya Tabora iliwekwa mbele kuwafundisha watoto wa machifu ili waje kuwa machifu hodari zaidi. Katika madarasa yake alisoma kijana wa Butiama, mtoto wa Chifu Burito wa Wazanaki, na watu wote wanajua alikoishia.

Hatusemi kwamba machifu wote walisimama upande mmoja. Mwaka 1957 Gavana Twining aliitisha mkutano wa machifu wa nchi nzima, na wengi waliuona kama ukuta wa kuizuia TANU. Ukuta haukusimama. Abdallah Fundikira, mtemi wa Unyanyembe, aliingia katika baraza la kwanza la mawaziri la Tanganyika huru. Kilimanjaro walijaribu njia ya katikati: mwaka 1952 walimpata Mangi Mkuu mmoja, Thomas Marealle, mtu msomi, na chini yake Wachagga wakawa na bendera na sikukuu yao. Kwa muda mfupi ilionekana kana kwamba mlima ule ungekuwa taifa. Lakini Wachagga wenyewe wakaanza kuuliza kwa nini mkuu huyo awe wa maisha, na mwaka 1960 wakapiga kura ya kumtaka kiongozi wa kuchaguliwa. Swali lile lile lilikuwa likiulizwa nchi nzima.

Tarehe 19 Juni 1954, siku kumi na nane kabla ya kuzaliwa kwa TANU, Gavana Twining alikuwa Kalenga akimkabidhi Chifu Adam Sapi Mkwawa fuvu la kichwa lililorudishwa kutoka Ujerumani, fuvu la babu yake. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 uliagiza lirudishwe. Ilichukua miaka thelathini na mitano. Lilirudishwa kama zawadi ya serikali kwa kabila moja. Adam Sapi alilipokea kwa niaba ya Wahehe. Mwaka 1962 mtu huyo huyo alikuwa Spika wa Bunge la Tanganyika, na mwaka 1963, yeye akiwa katika kiti hicho, Bunge likafuta Sheria ya Machifu ya mwaka 1953, na uchifu ukakoma kuwa sehemu ya serikali. Mjukuu wa Mkwawa aliongoza Bunge lililouondoa uchifu wenyewe. Tunapenda wanafunzi watulie kidogo mbele ya jambo hili kabla ya kufungua ukurasa mwingine. Hapakumwagika damu. Hakuna kabila lililoinuka kumtetea mtemi wake. Machifu kadhaa waliendelea kuitumikia nchi katika vyeo vingine, na wengine wakarudi kwenye migomba na ng’ombe wao.

Tukitazama kaskazini tunaona mambo yangaliweza kwenda vingine. Uganda ilipata uhuru mwaka 1962 ikiwa na ufalme wa Buganda ndani yake, ufalme mkubwa kuliko wenzake, uliopewa na Waingereza hadhi ya pekee. Kabaka Mutesa wa Pili akawa Rais wa nchi mwaka 1963. Haikuchukua muda mrefu wenye kiti na wenye serikali wakagongana; mwaka 1966 jumba la Mengo lilishambuliwa, Kabaka akakimbilia Uingereza, na mwaka uliofuata falme zote zikafutwa kwa katiba. Zilirudishwa mwaka 1993, zikiwa taasisi za utamaduni. Hatusemi haya kwa kujigamba. Waganda walikuwa na ufalme wa kweli wa kuutetea. Sisi hatukuwa na Buganda. Udogo wa falme zetu, ambao wageni waliuhesabu kuwa unyonge, ndio uliotuokoa.

Visiwani mambo yalikuwa mengine tena. Enzi ya Mwinyi Mkuu wa Dunga ilikuwa imezimika katika karne ya 19 chini ya Sultani, na Sultani naye aliondolewa na Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964. Tarehe 26 Aprili mwaka huo huo nchi mbili zikaungana. Habari za Muungano zinastahili insha yake peke yake.

Limebaki jambo moja, nalo linatuhusu sisi walimu zaidi ya watu wengine. Kwa miaka mingi baada ya mwaka 1963 tuliona haya kuzitaja falme hizi darasani, tukihofia kwamba kuzitaja ni kuamsha ukabila. Tukamfundisha Mkwawa wa Lugalo, tukamwacha Mkwawa aliyewavamia Wagogo. Tukamfundisha Mirambo shujaa, tukanyamaza juu ya nchi alizochoma. Mtu aliyekuwa adui wa Wasangu amekuwa shujaa wa Wasangu pia, na hilo ni jambo jema, lakini mtoto wa Usangu ana haki ya kujua kwamba haikuwa hivyo tangu zamani. Akijua, ataelewa ukubwa wa safari iliyosafiriwa. Asipojua, atadhani umoja ni kama mvua, kitu kinachoshuka chenyewe, na ataupokea kwa uvivu huo huo.

Wakati huo huo wazee waliokuwa wakijua orodha za watemi, majina ya ngoma na maneno ya kusimika wanakufa bila ya kuandikwa. Huko Bujora, karibu na Mwanza, iko makumbusho ya Wasukuma iliyoanzishwa katika miaka ya 1950, ambamo vimewekwa viti na ngoma za enzi. Usukuma ulikuwa na nchi za kitemi zipatazo hamsini. Katika nyumba ile ngoma za watemi walioibiana ng’ombe zimepangwa sakafu moja, na wanafunzi wakifika hutafuta kwanza ile ya nchi ya bibi yao, kisha huzigonga nyingine.